Mwezi wa Kambo

Mtu akibuni nchi yake ya hadithi, kwanza huchora ramani, halafu huweka miezi miwili angani, halafu huyabadilisha majina ya Januari na wenzake yawe ya kutisha kidogo, na hapo husema kalenda imekwisha. Nimesoma hadithi nyingi za aina hiyo, za majoka na panga zinazowaka, na sitaacha kuzisoma. Ila nikifika kwenye kalenda yao huwa nauliza swali la mtu wa ofisini: hawa watu hulipwa lini?

Kazi yangu ni mishahara. Niko katika kampuni ya malori hapa Lubumbashi, yale yanayokwenda mpakani Kasumbalesa na kurudi, na orodha ya madereva na wasaidizi wao inakaa kwangu. Kwa hiyo tarehe naijua kwa sura za watu walio mlangoni. Kuna dereva mmoja, mzee wa heshima zake, ukimwambia leo ni tarehe 9 mwezi wa sita atakujibu kwa upole, "Hapana mama, mwezi wa tano haujaisha." Hajalipwa, ndiyo maana haujaisha. Nimewahi kutaka kumcheka nikashindwa, kwa sababu mwenye nyumba wake naye ana hesabu yake: kwake mwezi wa sita ulianza siku nyingi na kodi inadaiwa.

Haya yangebaki ofisini kama si mtoto wa yaya wangu, yaani mkubwa wangu wa kuzaliwa. Yuko sekondari, na anachora bedé, hadithi za picha, kwenye madaftari ya hesabu yenye miraba, kwa biki nyeusi na biki nyekundu. Nchi yake inaitwa Nchi ya Matanuru. Ni mji mmoja uliozungukwa na matanuru ya kuyeyushia shaba, na mtu wa hapa hawezi kumuuliza wazo amelitoa wapi: kila picha ina bomba refu la moshi na kilima cheusi nyuma yake, kama vile tunavyoviona sisi tangu tuzaliwe. Aliniletea kalenda ya nchi hiyo nimwangalizie hesabu. Mwaka wa siku 400. Miezi 10 ya siku 40. Juma la siku 8. Angani kuna Mwezi Mkubwa, unaozunguka kwa siku 25, na Mwezi Mdogo, unaozunguka kwa siku 40. Majina yake yote yalikuwa yamejaa kile kialama (') cha neno ng'ombe katikati, mpaka hayatamkiki.

Majina niliyaacha, ni ya kwake. Kilichonisumbua ni kwamba hesabu zote zilikuwa zinagawanyika bila baki.

"Si ni vizuri, Tantini?" akaniuliza, Tantini nikiwa mimi, mdogo wa mzazi wake.

Si vizuri hata kidogo. Anga haina huruma na mhasibu. Mwezi wetu huu wa kweli unatoka kuandama mpaka kuandama tena kwa siku 29 na nusu na kidogo juu yake. Ukiuhesabu mara 12 unapata siku 354 na ushee. Jua linataka siku 365.2422. Kati ya hesabu hizo mbili kuna pengo la siku kama 11 kila mwaka, na hakuna mfalme wala padri wala mtaalamu aliyewahi kuliziba. Wote wamechagua tu nani alibebe. Waislamu wameliacha litembee, ndiyo maana Ramadhani hurudi nyuma siku 10 au 11 kila mwaka, na mtu akijaliwa umri mzuri huifunga katika mvua na katika kiangazi, kwa mzunguko wa miaka kama 33. Wahabeshi wana miezi 12 ya siku 30 kamili, halafu zile siku 5 au 6 zilizobaki wamezitengenezea kimwezi chao cha kumi na tatu mwishoni. Kalenda ya Papa Gregori ilipokuja mwaka 1582 ilibidi siku 10 zitupwe: nchi zilizoifuata mara moja zililala tarehe 4 Oktoba zikaamka tarehe 15.

Hapo napenda kusimama. Siku 10 zimetupwa. Je, aliyepanga chumba kwa mwezi analipa mwezi mzima? Waingereza walichelewa hadi 1752, wakatupa siku 11, baada ya tarehe 2 Septemba ikaja 14. Watoza kodi hawakukubali kupunjwa siku hizo, wakausogeza mwisho wa mwaka wao wa hesabu mbele, na mpaka leo mwaka wa kodi wa Uingereza unaanza tarehe 6 Aprili, siku isiyo na maana yoyote kwa mtu asiyejua kisa chake. Warumi walikuwa wabaya zaidi. Kabla ya Julius Caesar, mwezi wa ziada uliingizwa kwa amri ya makuhani, na makuhani walikuwa wanasiasa: rafiki yao akiwa madarakani mwaka unarefushwa, adui yao akiwa madarakani mwezi haingizwi. Kufikia mwaka 46 kabla ya Kristo kalenda ilikuwa imepotea kiasi kwamba Caesar aliufanya mwaka ule mmoja kuwa na siku 445 ili mambo yakae sawa. Mshahara wa mwaka ule sijui ningeuandikaje.

Basi nikamwambia kijana: weka baki kwenye nchi yako, halafu tuone linamwangukia nani. Hapo ndipo utakapoipata hadithi.

Alinuna. Ila siku iliyofuata alirudi na daftari.

Tulianza na juma, na huko nilikuwa na la kusema kuliko kwenye nyota. Watu wa pwani wana Jumamosi yao na Jumapili yao. Sisi huku tunasema kazi moja, kazi mbili, mpaka kazi tano, halafu posho, halafu yenga. Juma letu lilipangwa na kambi za Union Minière, kampuni ya shaba iliyoanza mwaka 1906, miaka minne kabla mji wenyewe haujaanzishwa, ikataifishwa 1967. Siku tano unahesabiwa kazi, ya sita chakula kinagawiwa. Leo hakuna anayetugawia kitu siku ya posho, lakini siku imebaki pale pale. Nkambo wangu, mzazi wa mzazi wangu, aliishi kambini, na hadithi yake ya posho alikuwa akiisimulia kwa mikono. Wanawake ndio waliosimama foleni, na kadi zao, na watoto mgongoni. Unga ulipimwa kwa kopo la bati. Mpimaji alichota kopo likajaa mpaka likafanya kichuguu, halafu akapitisha ubao juu yake, chaa, kichuguu chote kikarudi kwenye gunia. Wanawake hawakuangalia unga, walikuwa wakiangalia ule ubao, kama umepita wima au umelazwa kidogo. Ukilazwa, unachimba ndani ya kopo, na kwa familia ya watu sita hiyo ni chakula cha asubuhi cha mtu mmoja.

Ubao ule sasa uko katika Nchi ya Matanuru. Kijana ameuchora ukurasa mzima, mkono wa mpimaji ukiwa mkubwa kuliko uso wake.

Juma la nchi hiyo lina siku 11, na halikutoka hewani, limetoka kwenye tanuru. Siku mbili za kupakia mawe na makala, yaani mkaa. Siku saba za moto. Siku moja ya kupoa. Siku ya mwisho tanuru linavunjwa, shaba inapimwa, chakula kinagawiwa. Pakia Moja, Pakia Mbili, Moto Moja mpaka Moto Saba, Poa, Mgao. Kialama cha ng'ombe kimekwenda zake chenyewe, sikukifukuza.

Siku 11 na pumziko moja ni ukatili, najua, tena nimeuacha kwa makusudi. Wafaransa baada ya mapinduzi yao walifanya jambo la namna hiyo kwa jina la akili na maendeleo. Kuanzia 1793 waliweka miezi 12 ya siku 30 na juma la siku 10. Hesabu ilipendeza kwenye karatasi. Mfanyakazi alipotazama akakuta siku zake za kupumzika zimeshuka kutoka 52 kwa mwaka hadi 36. Kalenda ile ilikufa rasmi tarehe 1 Januari 1806, na wengi husimulia mambo ya Napoleon na kanisa. Mimi ningeanza na hizo siku 16.

Msimu ulikuja wenyewe. Wale mafundi wa zamani wa Katanga, walaji wa shaba kama wanavyoitwa, walichimba na kuyeyusha wakati wa kiangazi, baada ya mavuno ya mtama. Sababu si siri. Mashimo hayana maji, kuni na makala ni makavu, na mikono imetoka shambani. Mvua zikianza unarudi kwenye jembe. Kwa hiyo mwaka wa Nchi ya Matanuru huanza siku tanuru la kwanza linapowashwa, nyasi zikiwa tayari zimekauka, na mvua zikija matanuru yanafunikwa. Lakini juma la siku 11 haliachi kuhesabiwa. Katika mvua hakuna cha kupakia wala cha kupoza, na bado bibi mmoja sokoni anasema, "Nitakulipa Moto Tatu." Kijana alifikiri hilo ni kosa katika kalenda. Nikamuuliza leo ni siku gani. Akasema posho. Nikamuuliza umepewa unga na nani. Akacheka, "Njo vile, basi."

Sasa baki. Mwezi Mkubwa tuliutoa kwenye siku 25 tukauweka siku 27 na nusu, na mwaka tukautoa kwenye 400 tukauweka siku 391 na robo. Miezi inafuatana, mmoja wa siku 27, mwingine wa 28. Miezi miwili ni siku 55, yaani majuma matano kamili, kwa hiyo mwezi mmoja unaweza kuwa na Mgao mbili na mwingine tatu. (Mtu aliyewahi kulipwa kwa juma huku akilipa kodi kwa mwezi anajua tofauti ya mwezi wa majuma manne na ule wa matano. Wengine wanisamehe.) Miezi 14 inafanya siku 385. Jua linadai 391 na robo. Kila mwaka zinabaki siku 6 na robo hazina mwenyewe.

Mwaka wa kwanza hakuna anayeona. Mwaka wa pili wazee wanasema nyasi zimechelewa kukauka. Mwaka wa nne baki limefika siku 25, na sherehe ya kuwasha tanuru inaangukia kwenye matope. Hapo Bwana Tanuru, mkuu wa mji, anatangaza mwezi wa kumi na tano. Tukakaa kuhesabu, umeme ulikuwa umekatika, tukahesabu kwa tochi ya simu: mwezi wa ziada unahitajika mwaka wa 5, wa 9, wa 14, wa 18 na wa 22, na mwaka wa 22 baki linakwisha kabisa, mwezi na jua vinasimama mstari mmoja, gurudumu linaanza upya. Mitano katika miaka 22. Hesabu ilipotoka sawa hivyo kijana alipiga meza na mimi nilipiga meza. Mambo ya namna hii yapo hata angani kwetu: miaka 19 ya jua inakaribia sana kuwa miezi 235 ya kuandama, na Wababeli na Wagiriki walilijua hilo zamani.

Mwezi huo wa ziada tumeuita mwezi wa kambo. Umo nyumbani, unakula nyumbani, ila hauna baba.

Na hapa ndipo nilipoacha kumsaidia kijana na kuanza kujifurahisha mwenyewe. Katika Nchi ya Matanuru mkataba wa fundi ni wa mwaka. Mkataba unasema: mikuo 14 ya shaba kwa mwaka, mkuo mmoja kila mwezi unapofungwa. Mwezi wa kambo haumo kwenye mkataba. Bwana Tanuru anasema mwaka ni mwaka, tulikubaliana mikuo 14, nimelipa 14. Mwenye nyumba yeye hasomi mkataba, anatazama mbinguni: mwezi umeandama, lete kodi. Kwa hiyo mwezi ule ule, kwa mkono wa kulia si mwezi, kwa mkono wa kushoto ni mwezi.

Je, chakula? Chakula kinatoka kila Mgao, na Mgao hufuata juma, na juma halijui mambo ya miezi. Kwa hiyo katika mwezi wa kambo watu wanapewa unga. Hilo ndilo jibu la Bwana Tanuru kwa kila anayelalamika, na kijana ameliandika kwenye kiputo kikubwa juu ya ukurasa: "Mnakula. Mnataka nini tena?"

Mimi nililipigia hesabu ya mshahara, kwa sababu ndivyo nilivyo. Fundi aliyeingia tanuruni kijana na kufanya gurudumu zima la miaka 22 amefanya miezi 313. Amelipwa 308. Mitano imemezwa, na hakuna siku hata moja ambayo mtu angeweza kusema ameibiwa, kwa sababu kila mwaka peke yake mkataba ulitimizwa. Namba hiyo ningeipata kwenye kitabu cha ofisi yoyote ningekwenda kumwita mkubwa. Katika hadithi anayeigundua ni mama mmoja anayeweka alama za kodi ya chumba ukutani kwa kipande cha makala. Mumewe ana mafundo ya kamba kwa kila mkuo alioupokea. Mume akifa wanakuja kugawana vitu, mama anahesabu alama, mtoto anahesabu mafundo, namba hazilingani. Nadhani huo ndio ukurasa bora wa daftari zima, na sitamwambia kijana mpaka amalize, atavimba kichwa.

Watu wa makampuni ya hapa watakuwa wameshaona mahali wazo lilipotoka. Sisi tuna mwezi wa kumi na tatu, ile nyongeza ya mwisho wa mwaka ambayo baadhi ya waajiri hutoa kabla ya Noeli. Ni mwezi usio na siku hata moja, haukuchi wala hauchwi, una pesa tu. Nimeugeuza kinyume. Mwezi wa kambo una siku zote 27 au 28, una jasho, una moshi, haoni mtu senti. Kila Desemba ninapoandika safu ile ya kumi na tatu kwenye karatasi za madereva, sasa nawaona watu wa Matanuru wamepanga foleni nyuma yao.

Kuhusu Mwezi Mdogo nilitaka ufutwe. Hadithi nyingi zina mwezi wa pili kwa ajili ya kupendezesha picha tu. Kijana alikataa kata kata, akasema bila miezi miwili nani atajua kuwa si Likasi, mji huu wa jirani. Tukakubaliana: utabaki, lakini ufanye kazi. Siku zake 40 sikuzigusa, maana siku za mwizi zinajulikana. Daftari la Bwana Tanuru haliutambui kabisa. Ni wa wanawake wa sokoni. Likelemba yao hugeuka kila Mwezi Mdogo unapoandama: wote wanaweka, mmoja anachukua. Deni la chumvi, la mafuta, la samaki wakavu, yote hulipwa kwa Mwezi Mdogo, na mwanamume akiulizwa leo ni siku ya ngapi ya mwezi huo hajui.

Kalenda mbili katika mji mmoja si jambo la ajabu. Waswahili wa pwani waliishi hivyo karne nyingi: miezi ya kuandama kwa ibada, na mwaka wa jua ulioanza Nairuzi, uliohesabiwa kwa makumi ya siku, kwa ajili ya kupanda na kusafiri baharini kwa pepo. Makunduchi kule Unguja bado wanausherehekea mwaka huo kwa Mwaka Kogwa kila Julai. Na sisi wenyewe nchi moja tuna saa mbili: ikifika usiku wa manane hapa Lubumbashi, Kinshasa bado ni saa moja nyuma. Mwaka mpya tunaukaribisha, tunanywa, tunaanza kulala, ndipo wakubwa wa nchi wanaufikia.

Miezi yote miwili ikijaa usiku mmoja, jambo linalotokea kila siku 440, usiku unakuwa mweupe na wabeba shaba za magendo hawatoki. Usiku huo unahama kwenye misimu, unarudi mahali pake baada ya miaka 9, ukiwa umewahi kwa siku moja na robo. Kijana ana mipango mikubwa na hiyo siku moja na robo. Mimi nimemwachia, mambo ya vita si yangu.

Tulibishana kidogo juu ya namba za miaka. Alitaka mwaka wa 1 uwe wa vita kuu, baada yake 2, 3, mpaka 847. Nani anahesabu hivyo? Wazee wetu ukiwauliza jambo lilitokea lini watakuambia wakati wa Tshombe, au kabla ya Zaire, au mwaka ule kampuni ilipoacha kulipa, na kila mtu aliye mezani anaelewa. Katika Nchi ya Matanuru wanahesabu kwa magurudumu na kambo: "Nilizaliwa kambo ya tatu ya gurudumu la baba." Inatosha. Namba ndefu wanazo wapimaji peke yao.

Kilichobaki ni msichana wa hadithi. Kijana aliniletea jana akiwa na aibu kidogo, kwa sababu ni jambo alilolipata bila mimi. Msichana amezaliwa katika mwezi wa kambo. Kuzaliwa huandikwa kwenye daftari la Bwana Tanuru kwa mwezi na siku, na mwezi huo hauna ukurasa. Mwandishi wa daftari si mtu mbaya, ametafuta mahali pa kumwandika, amekosa, amefunga daftari. Kwa hiyo msichana hayumo. Mama yake akienda foleni siku ya Mgao anapimiwa makopo ya watu watano, nyumbani wako sita. Mpimaji anamwona mtoto mgongoni kwa macho yake, anaangalia kadi, anapitisha ubao. Tangu hapo familia nzima inakula pungufu ya mtu mmoja, na dada zake wanamjulisha hilo kila siku, kwa maneno na kwa vijiko.

"Tantini, sasa akikua afanye nini?" akaniuliza. Nikamwambia angalau asichome mji, kila mtu huchoma mji. Akasema hapana, anataka aende kuwa mwandishi wa daftari. Sijalala vizuri kwa kulifikiria hilo. Kuna mambo ningeweza kumwambia juu ya mtu anayeshika orodha na yale anayoweza kuyafanya kwa mstari mmoja mtupu chini ya ukurasa, lakini mengine tusiyaandike hapa, mkubwa wangu naye anatumia intaneti.

Ninachohitaji kutoka kwenu ni kimoja. Tumeipa Poa siku moja tu, tanuru la udongo lenye urefu wa mtu, moto wa siku saba. Mwenzangu mmoja anasema haiwezekani, udongo hushika joto, watu watavunja na kuungua. Nikiongeza siku moja juma linakuwa la siku 12 na hesabu yangu yote ya siku 55 inaanguka. Ningelazimika kuipokonya Pakia siku moja, na wabeba makala watapiga kelele. Kama una mzee nyumbani aliyefanya kazi ya moto, wa shaba au hata wa matofali tu, muulize ni muda gani mtu husubiri kabla ya kulifungua tanuru, na anajuaje kuwa limekuwa tayari. Niandikie kama alivyosema yeye.